Sekunde moja ni sentimita 19: ufundi na maisha ya watangazaji wa kwanza wa habari za televisheni Ufaransa

Kwa miaka mitano ya mwanzo, Mfaransa aliyekuwa na televisheni nyumbani hakumwona mtu aliyekuwa akimsomea habari. Taarifa ya kwanza ilirushwa Paris tarehe 29 Juni 1949 chini ya uongozi wa Pierre Sabbagh, na mpaka mwaka 1954 ilikuwa ni vipande vya filamu vilivyopangwa kimoja baada ya kingine, na juu yake sauti ya mtu aliyekaa kibandani. Maelezo yalisomwa hewani filamu ikipita, na neno likishatoka halirudi. Sisi ambao riziki yetu ni kusoma maelezo juu ya picha tunapaswa kuwajua watu wale kwa majina. Mengi ninayowasisitizia vijana wanaoanza kutia sauti chanzo chake ni wao, kwa hiyo nayapanga hapa kwa kufuata maisha ya kazi yenyewe: walivyoingia, walivyoandika, walivyosoma, na walivyoondolewa.

Shirika lao lilikuwa RTF, redio na televisheni ya taifa, lililopata jina hilo Februari 1949. Studio zilikuwa namba 15, mtaa wa Cognacq-Jay, karibu na mto Seine na karibu na mnara wa Eiffel uliobeba antena. Mitambo ilifungwa humo na Wajerumani walipoikalia Paris. Kuanzia mwaka 1943 walirusha vipindi vilivyowalenga hasa askari wao majeruhi waliolazwa hospitalini. Vita vilipokwisha Wafaransa wakairithi nyumba na vifaa. Watazamaji walikuwa wachache mno. Mwanzoni mwa 1950 televisheni zilizoandikishwa nchi nzima hazikufika elfu nne, karibu zote Paris na viunga vyake. Lille nayo ilipata mtambo wake mwaka huo.

Uchache huo ndio uliofungua mlango. Mwandishi mwenye jina alibaki redioni, ambako mamilioni walimsikia, au gazetini. Televisheni ikawapokea vijana. Sabbagh mwenyewe alitoka redioni na alikuwa hajatimiza miaka 31. Pierre Tchernia alikuwa na miaka 21 na alikuwa amesomea sinema, si uandishi wa habari. Georges de Caunes alikuwa mtu wa redio mwenye safari nyuma yake, na Claude Darget alikuwa na ulimi mkali ambao watazamaji walikuja kuutambua mara moja. Huo mchanganyiko ulikuwa na maana. Mtu wa redio anajua kupumua, kutulia na kusimamia sauti yake, lakini amezoea kueleza kila kitu kwa sababu msikilizaji haoni. Mtu wa sinema anajua picha inasema nini bila msaada. Ukiwaweka chumba kimoja watagombana kila siku juu ya sentensi moja moja, na taarifa itapona kwa ugomvi huo.

Sasa tuingie kwenye vifaa, kwa sababu bila kuvijua huwezi kuelewa kwa nini waliandika walivyoandika.

Habari za picha zilikuwepo tangu zamani katika majumba ya sinema, zikitengenezwa na makampuni makubwa kama Pathé na Gaumont kwa filamu ya milimita 35. Makampuni hayo hayakuwa na hamu ya kumlisha mshindani aliyeingia sebuleni kwa watu. Televisheni ikalazimika kujipigia picha zake, na ikachagua filamu ya milimita 16: nyepesi, nafuu, na kamera yake mtu mmoja anaibeba begani au mkononi. Kamera nyingi za wakati ule ziliendeshwa kwa springi ya kutia ufunguo, kama saa ya mezani. Ukishaijaza, inakupa mkupuo wa nusu dakika hivi kisha inachoka. Haina sauti. Kigurudumu cha filamu ni mita 30 na ushei.

Hapo hesabu inaanza. Televisheni ya Ulaya inapitisha picha 25 kwa sekunde. Katika filamu ya milimita 16 kila picha inachukua milimita 7.62 za urefu. Zidisha: sekunde moja ni sentimita 19, dakika moja ni mita 11 na sentimita 43, na kigurudumu kizima kinakwisha kwa dakika 2 na sekunde 40. Mpiga picha aliyetumwa kwenye ufunguzi wa daraja na magurudumu mawili alikuwa na dakika tano na sekunde ishirini za filamu, basi. Akikawia kwenye hotuba ya meya, atakosa filamu riboni ikikatwa. Mtangazaji anayelalamika kwamba picha hazitoshi, kwanza aulize magurudumu yalikuwa mangapi.

Filamu ikifika studio inaoshwa, inakaushwa, inakatwa na kuungwa kwa gundi. Weka saa nzima kwa kuosha na kukausha, na usiipunguze kwa matumaini. Kuna njia mbili za kuokoa muda. Ya kwanza ni kutumia filamu ambayo ile ile iliyokuwa ndani ya kamera ndiyo inayogeuka kuwa picha ya kuonyeshwa, bila kuchapa nakala. Ya pili ni kupitisha negativu kama ilivyo kwenye telesinema, ile mashine ya kuigeuza filamu kuwa mawimbi ya televisheni, na kuiacha mashine igeuze nyeupe kuwa nyeusi na nyeusi kuwa nyeupe. Njia zote mbili zina gharama moja: unachezea filamu pekee uliyonayo. Ikikwaruzwa, mkwaruzo unakwenda hewani. Ikikatika, haina pacha.

Mtangazaji anaingia kwenye mnyororo huu mwishoni kabisa, na ndiye anayelipia ucheleweshaji wa wote waliomtangulia. Utaratibu unaoendana na mazingira hayo, na ambao bado ni sahihi leo, ni huu. Kaa na mkataji filamu kwenye meza yake, usingoje kuletewa. Andika kila kipande na urefu wake, kisha geuza mita kuwa sekunde. Kipande cha mita 3 na sentimita 81 ni sekunde 20. Gawa ukurasa wako safu mbili, kushoto kinachoonekana, kulia kinachosemwa. Kisha hesabu maneno. Mfaransa anayesoma kwa utulivu anatoa maneno kama matatu kwa sekunde. Kiswahili kina maneno marefu zaidi, kwa hiyo sisi tuhesabu mawili. Sekunde 20 zinabeba maneno 40 ya Kiswahili, lakini usiandike 40. Andika 28, au 30 ukizidi sana. Sekunde mbili za kwanza waachie watu watazame. Sekunde mbili za mwisho waachie picha ijimalizie yenyewe. Zilizobaki ndizo zako, na ndani yake lazima upumue.

Kosa kubwa la anayetoka redioni ni kusimulia kinachoonekana. Chukua mafuriko ya mto Seine ya Januari 1955. Chini ya daraja la Alma, hatua chache tu kutoka Cognacq-Jay, kuna sanamu ya askari wa kikosi cha Wazuavu, na watu wa Paris hupima mafuriko kwa kumtazama yeye. Fikiria kipande cha sekunde 12 kinachoonyesha maji yakimzunguka. Anayeanza kazi ataandika: "Maji ya mto Seine yamepanda sana na sasa yanaizunguka sanamu hii ya askari iliyopo kwenye daraja." Yote hayo mtazamaji anayaona, na sekunde nane zimeshapotea. Aliyekomaa ataandika: "Mwaka 1910 maji yalimfika mabegani." Maneno matano, sekunde tatu, na kila mtu sebuleni anakazia macho kioo kupima yamefika wapi safari hii. Sentensi imeongeza kitu ambacho kamera haikuweza kukipiga, yaani wakati uliopita, na imempa mtazamaji kazi ya kufanya. Sekunde tisa zilizobaki ni za ukimya, na ukimya huo unasikilizwa.

Jaribu kila sentensi kwa swali moja: nikifunga macho, je, sentensi hii inanipa kitu ambacho nilikuwa nimeshakiona kabla sijayafunga? Kama ndiyo, ifute. Yanayobaki kwa kawaida ni majina, tarehe, idadi, sababu, na yatakayofuata. Nimeona maandishi ya kurasa mbili yakibaki na mistari saba baada ya jaribio hili, na kipindi kikawa bora mara nyingi.

Kuna namna nyingine ya kutumia picha, nayo tunaidai kwa Darget. Kuanzia mwaka 1952 alisoma maelezo ya mfululizo wa filamu fupi za wanyama uliotengenezwa na Frédéric Rossif. Humo alimpa mnyama mawazo ya binadamu na kumsemea kwa sauti kavu, isiyocheka. Inapendeza, na ni ngumu kuliko inavyosikika, kwa sababu lazima kila neno liangukie hasa pale mnyama anapogeuza shingo. Neno likichelewa nusu sekunde limekufa. Lakini namna hii ni ya wanyama. Ukiihamishia kwa mkulima aliyepoteza mazao, umemdhalilisha mtu ambaye hana nafasi ya kukujibu.

Kibandani palikuwa na kioo kidogo, kipaza sauti, taa ya meza na karatasi. Upande wa pili wa kuta, mtu wa sauti alikuwa na sahani za santuri: muziki, na milio ya magari, mvua, umati. Filamu bubu ilivishwa sauti hapo hapo. Ndiyo maana mtangazaji alipaswa kujua si maneno yake tu bali pia muziki unapanda wapi na kushuka wapi, la sivyo jina la waziri linamezwa na tarumbeta.

Mambo yanayoharibika hewani hayakubadilika sana. Filamu inakatika kwenye kiungio cha gundi. Magurudumu mawili yanabadilishana nafasi, na wewe unasoma kuhusu mnada wa ng'ombe huku rais akishuka kwenye treni. Telesinema inahitaji sekunde kadhaa kushika mwendo kabla picha haijatulia, na mwongozaji akisahau kuzihesabu, picha inaingia imechelewa na maelezo yako yote yanakimbia mbele yake. Kwa hili la mwisho dawa ni moja: usisome kwa saa, soma kwa picha. Weka alama pembeni ya karatasi, kwa kila aya, ya kitu kimoja kisicho na shaka kitakachoonekana, mfano mlango unafunguka au bendera inapanda, na usianze aya mpaka umekiona kwa macho yako. Magurudumu yakibadilishana, nyamaza, tafuta ukurasa sahihi, anzia katikati. Sekunde nne za ukimya mtazamaji anazisamehe; jina la mtu mmoja juu ya uso wa mtu mwingine hasahau. Filamu ikikatika, malizia sentensi uliyonayo, usieleze picha ambayo haipo, kisha chukua karatasi ya akiba. Karatasi hiyo iwe na habari tatu fupi zisizohitaji picha, kila moja sekunde 20, na iwe mezani kila siku hata kama haijatumika kwa mwaka mzima.

Matangazo ya moja kwa moja yalidai ufundi wa aina nyingine. Tarehe 25 Julai 1948, kabla hata taarifa ya habari haijazaliwa, televisheni ya Ufaransa ilirusha moja kwa moja mwisho wa mashindano ya baiskeli ya Tour de France kutoka uwanja wa Parc des Princes. Tarehe 24 Desemba mwaka ule ule ikarusha misa ya usiku kutoka kanisa la Notre-Dame. Kisha kikaja kishindo cha tarehe 2 Juni 1953, kutawazwa kwa Malkia Elizabeth wa Pili, kulikorushwa kutoka London hadi Ufaransa, Uholanzi na Ujerumani Magharibi. Kikwazo kilikuwa mistari ya picha: Waingereza walitumia mistari 405, Wafaransa 441 na mfumo wao mpya wa 819. Mbinu ilikuwa imeshajaribiwa Julai 1952, katika wiki ya vipindi vya pamoja kati ya Paris na London, kwenye mtambo uliowekwa Cassel, kaskazini mwa Ufaransa: kamera ya mfumo mmoja ilielekezwa kwenye kioo cha mfumo mwingine na kuipiga picha upya. Unaweza kukisia ubora wake. Nyuso zilififia, nembo na medali hazikusomeka.

Picha ikififia hivyo, mtangazaji ndiye anayebeba utambulisho. Nani huyu anayeingia? Kwa nini wanasimama? Sherehe ndefu ya aina hiyo husomewa kabla kama mtu anayekwenda mahakamani: ratiba ya sherehe kwa dakika, majina ya wageni kwa mpangilio wa kuingia, maana ya kila kitu kitakachoshikwa mkononi. Andika kadi moja kwa kila mtu na kila kitu, kwa herufi kubwa, sentensi mbili tu kwa kadi, na uzipange kwa mfuatano wa ratiba. Ikipita saa nzima na umetumia robo ya kadi zako, umefanya kazi nzuri. Anayemaliza kadi zote alikuwa akijionyesha. Na palipo na sala, kiapo au wimbo wa taifa, funga mdomo, hata kama umebakiza habari tamu.

Mfano wa maisha yaliyojengwa juu ya maandalizi ya namna hii ni Léon Zitrone. Alizaliwa Saint Petersburg mwaka 1914, familia ikahamia Ufaransa akiwa mtoto, na mwaka 1948 akaingia redioni upande wa matangazo ya lugha za kigeni kwa sababu Kirusi kilikuwa lugha yake ya nyumbani. Hakuingia kwa sura wala kwa sauti nzuri; aliingia kwa lugha. Kutoka hapo akaja kutangaza mbio za farasi, michezo ya kuteleza kwenye barafu, Tour de France, harusi za kifalme, na katika miaka ya 1960 akawa mmoja wa watu waliosoma taarifa ya saa mbili usiku. Kwa kijana anayeuliza aanze vipi, jibu langu ni lile lile: kuwa na kitu kimoja ambacho wenzako chumbani hawana. Kwake kilikuwa Kirusi.

Sura iliingia kwenye kioo mwaka 1954. Faida yake ya kwanza ni ya kiufundi: habari iliyofika bila filamu sasa ingeweza kusomwa, kwa sababu palikuwa na kitu cha kuonyesha, yaani mtu. Lakini ilibadilisha kazi. Kibandani unasoma ukiwa umeinama; mbele ya kamera, kila unapotazama karatasi unampotezea mtazamaji macho. Anayesoma kutoka mkononi ajifunze kuchukua mafungu ya maneno saba au manane kwa jicho moja, kuinua kichwa, kuyasema, kisha kushuka tena. Majina ya watu na tarakimu zisomwe ukiwa unatazama karatasi, waziwazi, bila aibu. Mtazamaji anakuamini zaidi akiona umesoma idadi kuliko ukiitoa kichwani. Na pia mshahara wa umaarufu ukaanza: watu wakawajua mtaani, magazeti yakawaandika. Sauti isiyo na sura inaweza kubadilishwa kimya kimya, sura haiwezekani. Wenye mamlaka waliliona hilo mapema.

Kabla ya siasa niseme kidogo juu ya michezo, kwa sababu ni huko ambako maarifa halisi yalikuwa na uzito kuliko madaha. Robert Chapatte alikuwa mwendesha baiskeli wa kulipwa na alishiriki Tour de France mara kadhaa kabla ya kushika kipaza sauti. Aliacha kanuni ambayo hadi leo watangazaji wa Ufaransa wanaitumia kwa jina lake: kundi kubwa linaweza kumpunguzia mtu aliyechomoka peke yake dakika moja kwa kila kilomita 10. Hesabu ni rahisi na inaokoa matangazo yasiwe makelele. Aliyechomoka ana dakika tatu na zimebaki kilomita 20? Kundi litampunguzia dakika mbili, anaweza kushinda. Zimebaki kilomita 40? Atakamatwa. Kanuni inavunjika mlimani, inavunjika waliochomoka wakiwa watano wanaopokezana upepo, inavunjika kundi likiwa halina timu inayotaka kukimbiza. Hapo ndipo penye utangazaji: sema kanuni, kisha sema kwa nini leo huenda isifanye kazi. Kabla ya mwaka 1958, Tour ilipoanza kurushwa moja kwa moja kutoka mlima Aubisque, hatua nyingi za mbio zilifika kwenye kioo kama filamu iliyokimbizwa Paris, na mshindi alishajulikana kwa redio. Mtangazaji wa filamu ile hakuwa na siri ya kuuza. Alichokuwa nacho ni kueleza mbio zilishindwaje, na hilo linadai mtu anayejua.

Sasa siasa. RTF ilikuwa chini ya serikali, na serikali haikuficha. Alain Peyrefitte, aliyeingia kuongoza wizara ya Habari mwaka 1962, aliandika mwenyewe baadaye kwamba mtangulizi wake alimwonyesha vitufe kwenye meza ya ofisi: hiki cha kumwita tarishi, na hivi vingine vya kuwaita wakuu wa RTF, akiwemo mkuu wa taarifa ya habari ya televisheni. Kila siku kama saa kumi na moja jioni, akaelezwa, unawapigia na kupanga nao yatakayosemwa usiku. Mwaka 1963 ikaundwa ofisi maalumu ya kuunganisha wizara katika mambo ya habari. Na tarehe 20 Aprili 1963 Peyrefitte alikaa ndani ya studio, Zitrone pembeni yake, akawaeleza watazamaji muundo mpya wa taarifa ya habari. Itazame picha hiyo kama unaweza kuipata. Waziri ndiye anayefafanua, mtangazaji anamsaidia. Mpangilio wa viti unaeleza kila kitu kuhusu kipaza sauti kile kilikuwa cha nani.

Nani alaumiwe kati ya wasomaji wale? Mimi sioni haki ya kuwahukumu kwa jumla. Vita vya Algeria vilidumu tangu 1954 hadi 1962, na taarifa ya kila siku ilibanwa mno. Lakini ndani ya nyumba ile ile, kuanzia Januari 1959, Pierre Lazareff, Pierre Desgraupes, Pierre Dumayet na Igor Barrère waliendesha jarida la habari la kila mwezi lililowapa wakulima, askari na wazazi wao nafasi ya kusema wenyewe kwa urefu. Mbinu yao inafaa kuigwa na yeyote anayefanya kazi chini ya jicho la mkubwa: punguza maoni yako, ongeza sauti ya aliyeko kwenye tukio. Ni rahisi kumkatia mtangazaji sentensi. Ni vigumu zaidi kumkatia mama anayemwambia mwanawe aliyeko jeshini kwamba nyumbani wako salama, huku uso wake ukisema mengine. Vifaa navyo viliwasaidia: kinasa sauti cha kubeba cha Nagra, kilichotengenezwa Uswisi, kilitoa sauti nzuri nje ya studio, na filamu haikuwa bubu tena.

Mwezi Mei 1968 wafanyakazi wa ORTF, jina ambalo shirika lilipewa mwaka 1964, waligoma. Wanahabari wa televisheni waliendelea hadi Julai. Kiangazi kile wengi wakaachishwa kazi au kuhamishwa. Miongoni mwao walikuwa Chapatte na Roger Couderc, sauti ya raga, mtu ambaye watu walimpenda kwa jinsi alivyowashangilia wachezaji wa Ufaransa kama wanawe. Ustadi haukuwalinda, na umaarufu haukuwalinda. Kilichowasaidia kuendelea ni kwamba walikuwa na ujuzi unaobebeka: Couderc alipokelewa redioni, Europe 1, akatangaza raga ile ile kwa wasikilizaji wasiouona mchezo. ORTF ilivunjwa kwa sheria ya Agosti 1974, vyombo vipya vikaanza kazi Januari 1975, na wote wawili wakarudi kwenye kioo kupitia Antenne 2, kimojawapo cha vyombo hivyo vipya, Chapatte akiongoza idara ya michezo.

Imebaki habari ya filamu zenyewe. Taasisi ya INA, iliyozaliwa kwenye mgawanyo huo wa 1975, ndiyo inayozitunza. Nyingi za miaka ya mwanzo hazina maelezo, kwa sababu yalisomwa hewani na hayakurekodiwa. Siku hizi vipande hivyo vinanunuliwa na kutiwa sauti upya kwa lugha mbalimbali, na Kiswahili kimo. Ukipewa kimoja, anza na karatasi za kazi zilizotunzwa pamoja nacho kama zipo: orodha ya vipande, tarehe, jina la mpiga picha. Pima mwendo, maana kipande kilichopigwa kwa picha 16 au 18 kwa sekunde kikipitishwa kwa 25 watu wanakimbia kama wamepagawa. Mwombe fundi akirudishe kwenye mwendo wake kabla hujaandika neno. Usimpe jina mtu ambaye karatasi haimtaji. Usiongeze mlio wa bunduki au wa umati ambao hakuna aliyeurekodi, au ukiuongeza, usiupandishe juu ya kiwango cha kusindikiza. Kisha weka maandishi kwenye kioo, kwa sekunde tano kamili mwanzoni, kwamba sauti ni ya leo.